Kurudi jukwaani na miaka 80: uchambuzi wa kisa kimoja kutoka Uingereza

## Kabla ya yote

Oktoba 2016, katika ukumbi wa Old Vic jijini London, bibi wa miaka 80 alipanda jukwaani kuigiza nafasi ya Mfalme Lear katika tamthilia ya Shakespeare. Mara ya mwisho kusimama mbele ya hadhira ya tamthilia ilikuwa 1991. Miaka yote ya katikati hakuwa mgonjwa, wala hakuwa amestaafu akalea wajukuu. Alikuwa mbunge. Magazeti ya Uingereza yalimpokea kana kwamba kuna mtu amefufuka.

Jina lake nimeliondoa, pamoja na majina ya waliofanya naye kazi na ya filamu zake. Humu nitamwita Bi. J. Sijidanganyi kwamba hatatambulika. Mwenye kufuatilia sanaa za Uingereza atakuwa ameshamjua kabla ya kufika katikati. Nimeliondoa kwa sababu jina kubwa likitajwa, watu huacha kusoma maamuzi wakaanza kusoma sifa. Hapa nataka tuangalie aliamua nini, lini, na kwa gharama gani. Ukikifuata kisa kwa mpangilio huo, muujiza unapungua na kazi inaonekana.

## Usuli

Bi. J alizaliwa 1936 katika mji wa bandari ulio ng'ambo ya mto kutoka Liverpool. Baba yake alikuwa mwashi. Mama yake alisafisha nyumba za watu, akauza dukani, akauza bia baa. Watoto walikuwa wanne, wote wa kike, naye ndiye kifungua mimba. Aliacha shule akiwa na miaka 16 akaajiriwa kwenye duka la dawa, akasimama nyuma ya kaunta kwa miaka miwili. Uigizaji ulimjia kupitia kikundi cha ridhaa cha mtaani, na kutoka hapo akapata nafasi ya kusoma RADA, chuo cha uigizaji cha London ambacho watoto wa mafundi ujenzi hawakuwa wengi.

Chuoni mkuu alimwambia asitarajie kazi nyingi kabla ya kufika miaka 40. Maana yake ilieleweka na kila aliyekuwepo: huna sura ya msichana wa kupendwa kwenye hadithi, subiri uzeeke tukupe nafasi za kina mama. Kauli hiyo tuiweke akilini, maana itarudi tena, na kila mara itakuwa imegeuka.

Alianza kazi 1957, kwenye kampuni za miji midogo zilizokuwa zikibadilisha tamthilia haraka haraka. Mwigizaji anaigiza moja usiku, mchana anashika mistari ya nyingine. Wakati mwingine hakuigiza kabisa: alikuwa msimamizi wa jukwaa, mtu wa kupanga viti, kuita waigizaji na kushika daftari la mistari. Zikapita pia nyakati ndefu bila kazi, akaishi kwa vibarua vya hapa na pale, uhudumu wa mgahawani ukiwemo. Karibu miaka saba ilienda hivyo.

Mlango ulifunguka 1964 alipochukuliwa na Royal Shakespeare Company, kampuni kubwa ya tamthilia ya Uingereza, kwa msimu wa majaribio. Katika tamthilia iliyomtoa, wahusika ni wagonjwa wa hospitali ya vichaa wanaoigiza mauaji ya wakati wa Mapinduzi ya Ufaransa, naye akiwa mgonjwa aliyepewa nafasi ya muuaji. Kuna mahali maandishi yanadai mhusika mwenzake achapwe viboko. Bi. J hakushika kiboko. Alimchapa kwa nywele zake ndefu, akizirusha taratibu mgongoni mwa yule bwana. Waliokuwa ukumbini walilizungumzia tendo hilo kwa miaka. Mimi nalitaja kwa sababu nyingine: linaonyesha mapema kwamba huyu ni mwigizaji anayetafuta jibu kwenye mwili wake kabla ya kulitafuta kwenye vifaa.

Baada ya hapo mambo yalikwenda kasi. Aprili 1971 alitangazwa mshindi wa Oscar ya mwigizaji bora wa kike, na 1974 akapata ya pili. Mara zote mbili hakwenda Hollywood kuichukua. Mwaka huohuo wa 1971 BBC ilionyesha sehemu sita za maisha ya Malkia Elizabeth wa Kwanza. Nafasi hiyo ilimpa tuzo mbili za Emmy, za televisheni ya Marekani, na ili kuifanya alinyoa nywele za mbele ya kichwa, paji la uso likapanda kama la malkia kwenye picha za kale. Angeweza kuvaa wigi na kofia ya kuigiza upara, wengi ndivyo wanavyofanya. Utabiri wa mkuu wa chuo ulikuwa umeshindwa: kabla ya kutimiza 40 alikuwa na Oscar mbili kabatini.

## Mfuatano wa matukio

Miaka ya 1980 kazi haikukatika, lakini aina ya kazi ilibadilika. Mfano mmoja unatosha. Mhusika aliyempa Oscar ya kwanza alitoka katika riwaya ya Kiingereza ya mwanzoni mwa karne ya 20. Mwaka 1989 mwongozaji yuleyule alitengeneza filamu ya riwaya iliyotangulia, inayosimulia utoto na ujana wa familia ileile. Bi. J, akiwa na miaka 52, alirudi kwenye familia hiyo kama mama wa yule mhusika aliyemwigiza miaka 20 nyuma. Mwanamume wa umri wake katika filamu za wakati huo alikuwa bado anaoa wasichana wa miaka 30. Hapo ndipo utabiri wa RADA uliporudi kwa sura nyingine: nafasi za kina mama zimefika, na ni ndogo.

Alikuwa mwanachama wa chama cha Labour kwa miaka mingi na mpinzani wa wazi wa siasa za Margaret Thatcher, waziri mkuu kutoka chama cha Conservative. Aprili 1992 aligombea jimbo la kaskazini mwa London lililokuwa mikononi mwa Conservative, akashinda, ingawa chama chake kilishindwa nchi nzima. Akaacha uigizaji. Hakuacha nusu. Hakuchukua filamu wakati wa likizo za Bunge, wala tangazo, wala sauti ya kusimulia. Nafasi ya mwisho jukwaani ilikuwa ya tamthilia ya Kimarekani iliyoonyeshwa Glasgow 1991.

Bungeni alikaa miaka 23. Kati ya 1997 na 1999 alikuwa naibu waziri kwenye wizara iliyoshughulikia uchukuzi, sehemu yake ikiwa usafiri wa London. Akajiuzulu ili agombee kuteuliwa na Labour kwa nafasi ya meya wa London, akaambulia nafasi ya tatu kati ya watatu. Mwaka 2003 alipinga vita vya Iraq dhidi ya msimamo wa serikali ya chama chake. Mwaka 2010 alirudi bungeni kwa tofauti ya kura 42 tu. Mwaka 2015 hakugombea tena.

Baada ya hapo mfuatano ni mfupi, na mpangilio wake ndio kiini cha kisa hiki. Novemba 2015 alisikika BBC Radio 4 katika mfululizo mrefu uliotokana na riwaya za Émile Zola, akiwa bibi wa ukoo mwenye miaka 104. Oktoba hadi Desemba 2016 akawa Lear pale Old Vic. Machi hadi Juni 2018 aliigiza Broadway, kwenye kumbi kubwa za tamthilia za New York, katika tamthilia ya wanawake watatu ambao kumbe ni mtu mmoja katika umri tofauti. Aprili 2019 akamrudia Lear, safari hii Broadway, chini ya mwongozaji mwingine. Desemba 2019 akaonekana BBC One kama bibi mwenye ugonjwa wa kusahau anayemtafuta rafiki yake. Kisha zikaja filamu, na ya mwisho aliigiza na mkongwe wa kiume waliyewahi kuigiza naye filamu ya 1975. Alifariki Juni 2023 akiwa na miaka 87. Filamu ile ilitoka Oktoba.

## Maamuzi na sababu zake

Kuondoka kabisa. Yeye mwenyewe hakuwahi kuficha kwamba aliingia siasa kwa hasira juu ya kile alichoona Thatcher ameifanyia nchi. Lakini tusisahau hali ya soko la kazi yake wakati huo. Mara nyingi alisema waandishi wa tamthilia hawawaoni wanawake kuwa wahusika wa kuendesha hadithi. Mtu mwenye Oscar mbili anayepewa nafasi ya mama wa msichana ana sababu mbili za kuangalia mlango, hata kama akiulizwa atataja moja. Nadhani sababu hizo mbili zilisaidiana, ingawa yeye angesisitiza ile ya siasa.

Kuacha kwa jumla kulikuwa na bei kubwa. Umri wa miaka 55 hadi 78 ulipita bila rekodi yoyote ya uigizaji wake. Hatujui angekuwa nani katika nafasi za wanawake wa miaka 60. Kizazi kizima cha watazamaji kilikua kikimjua kama mbunge mwenye sauti kali, basi.

Kurudi kwa mlango wa redio. Hapa ndipo ningemtaka mwanafunzi asimame kwa muda. Mtu mwenye jina lake angeweza kurudi kwa kishindo siku ya kwanza. Alianza na redio. Redio haimtaki mwigizaji akariri, karatasi iko mkononi. Haimtaki asimame saa tatu. Hakuna anayeona mikunjo wala mkono unaotetemeka. Inachopima ni kimoja, sauti, na kwa mwigizaji aliyekaa nje miaka 24, sauti ndiyo iliyopaswa kujibiwa swali lake kwanza. Kisha angalia umri wa mhusika: 104. Yeye alikuwa 79. Hakuna aliyemdai afanane na kumbukumbu ya 1971. Alirudi akiwa mdogo kuliko nafasi yake, jambo ambalo mwigizaji wa kike mzee halipati mara nyingi.

Kumchagua Lear. Kwa msomaji ambaye hajakutana na tamthilia hii (Mwalimu Nyerere alitafsiri mbili za Shakespeare, na hii haimo): mfalme mzee anataka kupumzika, anawagawia binti zake watatu ufalme, kila mmoja apate kadiri atakavyosema kwamba anampenda baba. Wakubwa wawili wanamimina maneno. Mdogo anakataa kusifu, anafukuzwa. Baadaye wale wawili wanamtoa mzee nje, anatembea kwenye dhoruba, akili inamtoka, na mwishoni yule mdogo anakufa kabla ya baba. Nafasi ya Lear peke yake ina mistari zaidi ya 700, na onyesho la Old Vic lilichukua zaidi ya saa tatu. Waigizaji husema kwa utani kwamba ukifikia umri wa kumwelewa Lear, huna tena nguvu za kumwigiza.

Rafiki yake, mwigizaji mkongwe wa kike wa Hispania aliyewahi kumwongoza katika tamthilia London miaka ya 1980, alikuwa ametangulia kumwigiza Lear Barcelona akiwa karibu na umri uleule. Kwa hiyo wazo halikuanguka kutoka mbinguni. Alikuwa na mfano hai wa mtu aliyefanya jambo hilo, ambaye angeweza kumpigia simu na kumuuliza.

Sababu iliyonigusa zaidi ni nyingine. Alipoulizwa inawezekanaje mwanamke kumwigiza mfalme, alieleza kwamba kama mbunge alikuwa akitembelea makazi ya wazee, na huko aliona kwamba kadiri watu wanavyozeeka, mpaka kati ya mwanamume na mwanamke unaanza kufifia. Isome tena sentensi hiyo. Sote tulihesabu miaka 23 ya Bunge kama shimo kwenye wasifu wake. Kumbe humo ndimo alimokuwa akikusanya Lear: mzee aliyezoea kuamrisha sasa anasubiri aletewe chai, bibi asiyekumbuka jina la mwanawe anayemshika mkono. Chuo cha uigizaji hakiwezi kukupa hayo. Mbunge wa jimbo hupewa Ijumaa baada ya Ijumaa, atake asitake.

Kumwacha Lear awe mwanamume. Angeweza kuomba maandishi yabadilishwe, mfalme awe malkia, "baba" iwe "mama". Wengine wamefanya hivyo na si dhambi. Yeye aliigiza mfalme, maneno yakabaki yalivyo. Faida yake ni kwamba hadhira ilipewa dakika kumi hivi za kushangaa, halafu swali la jinsia likaisha, na watu wakabaki na mzee anayewakosea watoto wake.

Mwongozaji. Old Vic ilimkabidhi kwa mwongozaji wa kike ambaye tangu 1995, pale National Theatre, alishampa mwanamke nafasi ya Mfalme Richard wa Pili, akasemwa, akavumilia. Kwenye mazoezi ya 2016 hakuna aliyehitaji kuanza kubishana kama jambo lenyewe linawezekana. Muda huo wote ulikwenda kwenye kazi.

## Matokeo

Lear ya London ilisifiwa sana, hasa sauti. Wahakiki walioingia wakijiuliza kama bibi huyu atasikika viti vya juu walitoka wakiandika juu ya ngurumo. Mwaka uliofuata alipewa tuzo ya gazeti la Evening Standard ya mwigizaji bora wa kike. Broadway ya 2018 ilimpa Tony, tuzo kuu ya tamthilia za Broadway. Oscar, Emmy na Tony pamoja ni seti ambayo waigizaji wachache mno wameikamilisha, naye aliikamilisha akiwa na miaka 82. Kazi ya televisheni ya 2019 ilimpa BAFTA, tuzo ya Uingereza ya filamu na televisheni, na Emmy ya kimataifa.

Lear ya pili haikwenda hivyo. Ilipangwa kuendelea hadi mapema Julai 2019. Ilifungwa Juni 9, karibu mwezi mmoja kabla. Kwenye orodha ya Tony ya mwaka huo onyesho zima lilipata uteuzi mmoja tu, na haukuwa wake.

## Uchambuzi: kilichofanya kazi

Sauti haikulala. Watu wanahesabu miaka 24 ya kutoigiza kana kwamba chombo kilikuwa kabatini. Mwangalie Aprili 10, 2013. Thatcher amefariki siku mbili kabla, Bunge limekutana kutoa rambirambi, kila anayesimama anapima maneno. Anasimama Bi. J na kueleza anachokumbuka cha miaka ile: shule zenye vitabu vichache mno, watu wanaolala milangoni mwa maduka. Wabunge wa upande wa pili wanazomea. Hapazi sauti kwa kupaparika. Anaisukuma chini, anakata maneno, anasubiri kelele zishuke kidogo, anaendelea. Anamalizia kwamba waziri mkuu wa kwanza wa jinsia ya kike, sawa, lakini mwanamke? Si kwa vigezo vyake. Mbunge mmoja aliinuka kulalamika na Spika akaamua kwamba hakuna kanuni iliyovunjwa. Iwe ulikubaliana naye au la (wapo waliomwona hana adabu kwa marehemu, na kwa mila zetu ningewaelewa), kiufundi ile ni hotuba ya jukwaani mbele ya hadhira yenye uadui, bila maikrofoni ya kichwani, na mwigizaji ana miaka 76. Miaka mitatu baadaye Lear alisimama kwenye dhoruba na kufanya jambo lilelile.

Kwa hiyo ninaposikia mwigizaji akisema "nimeacha fani miaka kumi, nimepotea", namuuliza miaka hiyo alikuwa anafanya nini kwa sauti yake. Mwalimu wa darasa la watoto sitini hajapotea. Mhubiri hajapotea. Karani aliyekaa kimya mbele ya kompyuta miaka kumi ana kazi zaidi ya kufanya.

La pili ni kupanda ngazi kwa hatua. Redio, kisha msimu wa wiki sita hivi jijini kwake, kisha Broadway katika tamthilia isiyozidi saa mbili, ambapo sehemu kubwa ya nusu ya kwanza mhusika wake amekaa kitini akibisha kama ana miaka 91 au 92. Kila hatua ilipima kitu kimoja kipya. Sijui kama alikaa chini akaupanga hivyo, na sidhani. Nafasi huja zinavyokuja. Lakini alizozikubali zilikuja kwa mpangilio ambao kocha wa riadha angeutambua.

La tatu, na hapa kauli ya RADA inarudi mara ya mwisho: hakukimbia umri. Miaka 104, zaidi ya 80, 91 au 92, bibi mwenye kusahau. Nafasi zote zilikuwa za wazee, na zote ziliendesha hadithi badala ya kukaa pembeni zikimshauri msichana. Mkuu wa chuo alikuwa amekosea tarakimu tu. Si 40. Ni 80.

## Uchambuzi: kilichoshindwa

Kurudia Lear 2019 ninakuhesabu kuwa kosa, ingawa nalielewa. Tony imetoka tu kushikwa, Broadway inamtaka, na nafasi anaijua kwa moyo. Kilichobadilika ni kila kitu kilichomzunguka. Mwongozaji mpya alikuja na dhana yake: ukumbi wa dhahabu kama wa hoteli ya kitajiri, muziki wa mtunzi mashuhuri ukipigwa jukwaani, waigizaji wenza wakikokota tamthilia pande tofauti. Onyesho lilikaribia saa tatu na nusu. Broadway ni maonyesho manane kwa wiki, na katikati ya msimu alitimiza miaka 83.

Wahakiki wengi walimsifu yeye na kulilaumu onyesho. Sifa za namna hiyo zinaumiza kuliko lawama, maana zinasema: wewe ulikuwepo, tamthilia haikuwepo. Lear wa kwanza alizaliwa ndani ya kundi lililomwamini kuanzia siku ya kwanza ya mazoezi. Wa pili alihamishwa kutoka nyumba moja kwenda nyingine na mizigo yake, akakuta samani zimeshapangwa. Mwigizaji akibeba nafasi iliyokwisha kuiva kuipeleka kwa mwongozaji mwingine, mmoja wao lazima akubali kuanza upya. Kwa ninavyolisoma onyesho lile, hakuna aliyekubali.

Kushindwa kwa pili ni kwa zamani, na hakukuwa kwake peke yake. Kama 1989 angekuwa na nafasi za kumtosha, huenda angegombea ubunge hata hivyo. Lakini soko lilimrahisishia kuondoka. Lilimpoteza mtu wa kiwango hicho kwa robo karne, na lilipompata tena lilijipongeza kwa kumkaribisha.

Na kuna mpaka wa kisa chenyewe, ambao lazima niuseme kwa sababu nimeona kikitumiwa kuwatia watu moyo kiholela. Bi. J alirudi akiwa na Oscar mbili na jina ambalo kila mlinzi wa mlango wa nyuma wa ukumbi wa London analijua. Old Vic haikufanya bahati nasibu; ilijua tiketi zitauzwa. Waigizaji wa kike waliokuwa naye kwenye zile kampuni za miji midogo mwishoni mwa miaka ya 1950, waliopanga viti na kushika daftari la mistari kama yeye, na ambao nao waliacha wakiwa na miaka 50 kwa sababu simu ya wakala haikulia, hawakuwa na mlango wa kurudia. Wengine walikuwa na sauti nzuri vilevile.